Duka Lililofika kwa Posta

Mwaka 1872, mjini Chicago, Aaron Montgomery Ward alichapa karatasi moja ya bidhaa na bei zake, akawapelekea wakulima wa Marekani. Richard Sears, aliyeanza kwa kuuza saa mwaka 1886, akafuata njia hiyo. Baada ya miaka michache karatasi zikawa katalogi, yaani vitabu vinene vya bidhaa vyenye picha: plau, cherehani, majiko, miwani, magitaa, hata mawe ya makaburi.

Reli na posta
Katalogi na bidhaa zilifika mashambani kwa posta na reli. Mwaka 1896 posta ya Marekani ilianza kufikisha barua mashambani bila malipo ya ziada. Mwaka 1913 ikaanza kubeba vifurushi vizito zaidi. Kuanzia 1908 hadi 1940 kampuni ya Sears iliuza hata nyumba: vifaa na ramani vilisafirishwa kwa treni, mnunuzi akajenga.

Bei moja kwa wote
Kwa Wamarekani Weusi wa majimbo ya Kusini, katalogi ilikuwa na thamani ya pekee. Enzi za ubaguzi wa kisheria, madukani wengi wao walihudumiwa mwisho na kudharauliwa. Aliyeagiza kwa posta alilipa bei ile ile iliyochapwa kwa kila mtu.

Namna ya kuzisoma katalogi
Linganisha matoleo ya miaka mbalimbali. Taa za mafuta zinapungua, vifaa vya umeme vinaongezeka, na kufikia miaka ya 1920 pindo la gauni limepanda kuelekea goti. Katalogi kuu ya Sears ilikoma mwaka 1993, lakini kurasa zake bado zinaeleza kwa undani watu wa kawaida walivaa nini, walipikia nini na walitamani nini.