Martin Mhando

Martin Mhando ni mwongozaji wa filamu, mhariri na mwanazuoni kutoka nchini Tanzania. Anajulikana zaidi kwa filamu ya Maangamizi: The Ancient One, aliyoiongoza pamoja na Mmarekani Ron Mulvihill.

Kazi ya filamu

Mhando alianza kuongoza wakati filamu nchini zilitegemea zaidi Kampuni ya Filamu Tanzania, shirika la umma lililoundwa mwaka 1968. Mwaka 1986 ilitoka Mama Tumaini, aliyoiongoza na Sigve Endresen wa Norwei. Shirika hilo lilipodhoofika, mwongozaji wa Kitanzania aliyetaka kutengeneza filamu ndefu hakuwa na njia nyingi ila kutafuta wabia wa nje.

Ndivyo ilivyokuwa kwa Maangamizi. Mulvihill hakuwa mgeni nchini, kwani mwaka 1985 alikuwa ametengeneza Arusi ya Mariamu pamoja na Nangayoma Ng'oge. Jina la filamu lisimpotoshe msomaji: hapa Maangamizi ni bibi wa kale, mzimu anayewafungulia njia walio hai. Daktari Asira, Mmarekani mweusi, anafika Tanzania kufanya kazi katika hospitali ya wagonjwa wa akili na kumkuta Samehe, mwanamke ambaye hajatamka neno kwa miaka mingi. Samehe aliigizwa na Amandina Lihamba, profesa wa sanaa za maonyesho wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na uigizaji wake wa kimyakimya ndio unaoibeba filamu. Asira ni BarbaraO, aliyecheza pia katika Daughters of the Dust (1991), na bibi ni Mwanajuma Ali Hassan.

Mwaka 2001 filamu hii ilikuwa ya kwanza kuiwakilisha Tanzania kuwania tuzo ya Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Haikuteuliwa.

Ualimu na tamasha

Mhando alifundisha katika Chuo Kikuu cha Murdoch, Australia, na alihariri jarida la Journal of African Cinemas pamoja na Keyan Tomaselli. Kwa miaka kadhaa aliongoza pia Tamasha la Filamu la Kimataifa la Zanzibar (ZIFF), ambalo huonyesha filamu Ngome Kongwe na kuzipeleka hadi vijijini. Pengine majukumu haya yamewafaa waongozaji wengine kuliko filamu zake mwenyewe, ambazo ni chache.

Baada ya Maangamizi, Tanzania haikupeleka filamu nyingine Oscar hadi mwaka 2022, ilipoteua Vuta N'kuvute ya Amil Shivji.