Tanuru za Ufipa na Uchaji wa Mungu



Wapendwa waamini, katika mafundisho ya Kipaimara watoto hukariri vipaji saba vya Roho Mtakatifu, na cha saba ndicho huwatatiza: uchaji wa Mungu. Wakiulizwa maana yake hujibu upesi kwamba ni kumwogopa Mungu. Jibu hilo si kosa kabisa, lakini lugha yetu imetupatia maneno mawili, kucha na kuogopa, na haikufanya hivyo bure. Simba huogopwa, hachiwi. Anayeogopa hutafuta njia ya kukimbia, au hutafuta silaha. Anayecha huvua viatu akasogea, kama Musa mbele ya kile kichaka. Juma hili tunapenda kuitazama historia ya Ufipa kwa jicho la tofauti hiyo, maana tunadhani inaeleza mengi juu ya namna tunavyoishi sasa.

Tuanze na chuma. Msafiri wa nyanda zetu za juu, akiacha barabara na kufuata njia za mashambani, bado aweza kukutana na mabaki ya tanuru zilizoitwa ilungu. Zilikuwa ndefu kuliko mtu, nyingine zikifikia mita tatu, zimejengwa kwa udongo, mara nyingi kando ya kichuguu kilichotoa udongo huo. Hazikuhitaji mivukuto. Hewa iliingia yenyewe kwa matundu ya chini, moto ukavuta, na mawe ya chuma yakachomwa pamoja na makaa kwa muda mrefu. Kilichopatikana kilisafishwa tena katika tanuru ndogo yenye mivukuto, kisha mhunzi akafua jembe, shoka au mkuki. Wataalamu waliozichunguza wamestaajabia ufundi huo, na sisi tunastaajabu pamoja nao.

Hata hivyo, ufundi ulikuwa nusu tu ya kazi. Wayeyushaji walihamia kambini, mbali na kijiji, na kwa muda wote huo hawakukaribiana na wake zao. Tanuru mpya ilitendewa kama bibi harusi: ilipambwa, ilisindikizwa kwa nyimbo, na ilitarajiwa kuzaa. Fundi mkuu alikuwa na kapu la dawa lililoitwa intangala, na pasipo kapu hilo hakuna aliyethubutu kuwasha moto. Watu wale walijua mawe, makaa na hewa kuliko wengi wetu tunavyojua simu tunazobeba mfukoni. Pamoja na kujua kote huko waliona kwamba kutoa chuma ardhini ni jambo linalompita fundi, na kwamba haifai kulisogelea vivi hivi.

Hatusemi kwamba kapu lile lilikuwa sakramenti. Ndani yake hofu nayo ilikuwamo, kwani baadhi ya dawa zilikusudiwa kuikinga tanuru na wachawi. Lakini Mtaguso wa Pili wa Vatikano, mwaka 1965, ulitufundisha kuzitafuta mbegu za Neno katika mila za mataifa, na mtu akizitafuta Ufipa, tungemwelekeza kwanza kwenye ilungu. Tena asome sura ya 38 ya Yoshua bin Sira. Humo yumo mhunzi ameketi karibu na fuawe, joto la moto likiukausha mwili wake, na mwandishi mtakatifu anasema juu ya mafundi wa namna hiyo kwamba sala yao imo katika kazi yao.

Moto huo ulizimwa na nini? Wengi hudhani ni dini mpya, au ni sayansi iliyothibitisha kwamba kapu la dawa halikuwa na maana. Sababu kubwa ilikuwa nyepesi zaidi, nayo ni jembe la dukani. Majembe kutoka Ulaya yaliingia nchini kwa bei nafuu, na katika karne ya 20 kazi ya ilungu ilikufa. Jembe la dukani halikudai kufunga, wala wimbo, wala siku za kukaa kambini. Lilidai fedha tu. Hatuwalaumu wazee wetu waliolinunua; sisi nasi tungelinunua.

Masimulizi ya Wafipa yanamkumbuka nabii aitwaye Kaswa, aliyetangulia kuwaonya watu juu ya wageni watakaokuja na kuitwaa nchi. Mtafiti Roy Willis aliyachapisha masimulizi hayo mwaka 1970. Katika maonyo yake limo moja ambalo halina bunduki wala jeshi: siku itakuja ambapo kila kitu kitakuwa na bei, hata majani, hata ardhi yenyewe. Tunakiri kwamba onyo hilo linatugusa kuliko yale ya vita. Vita vilikuja vikapita, lakini bei imebaki.

Maana uchaji ulipoondoka kazini, hofu haikuondoka nao. Hapa historia yetu inauma kidogo. Jina la mji wetu, Sumbawanga, wazee hulifasiri kuwa ni amri ya kutupa uchawi, na nchi nzima inatujua kwa jina hilo, mara nyingi kwa utani usiotufurahisha. Mwaka 1963 na 1964, wakati ubatizo umekwisha kuenea na shule za misioni zimejaa, vuguvugu lililoitwa Kamchape lilipita katika vijiji vya Ufipa likidai kuwafichua wachawi. Watu walikusanywa, pembe za dawa zikasalimishwa, chale zikachanjwa. Jembe la dukani lilikuwa limewaondolea watu sababu ya kumshukuru mhunzi, lakini halikuwaondolea sababu ya kumshuku jirani. Haikuwa mara ya kwanza kwa vuguvugu la namna hiyo kufika huku.

Hofu ikikutana na bei, matokeo yake ni ya kutisha. Mwaka 2013, katika mkoa wetu wa Rukwa, watu wenye ualbino walishambuliwa na kukatwa viungo, kwa sababu kulikuwa na walioamini kwamba kiungo cha mwanadamu huleta utajiri, na kulikuwa na wenye kununua. Waliotenda hayo hawakuwa watu wa zama za ilungu. Walikuwa watu wa zama zetu, wenye saa, wenye simu na wenye kujua kuhesabu fedha. Tunalisema hili kwa uchungu, kwa kuwa wapo wanaotwambia kwamba maendeleo yakizidi kidogo ushirikina utakwisha wenyewe. Sisi hatuoni hivyo. Mtu asiye na chochote kilicho kitakatifu mbele yake haachi kuogopa, bali huanza kununua kinga.

Nao wauza kinga wapo. Yapo mafuta na maji yauzwayo kwa chupa, kila chupa na ahadi yake. Simoni wa Samaria, katika Matendo ya Mitume sura ya 8, alidhani aweza kununua kipaji cha Roho kwa fedha, na Petro alimkemea vikali. Naye alikuwa mchawi kabla ya kubatizwa.

Turudi nyuma kidogo, tushuke pia kutoka uwandani hadi mwambao wa Ziwa Tanganyika, Karema. Leo Karema imo katika Mkoa wa Katavi, na tangu mwaka 2000 imo katika Jimbo la Mpanda, lakini kwa imani ni mama yetu, kwani hata jimbo letu liliitwa Jimbo la Karema kabla ya kupewa jina la Sumbawanga mwaka 1969. Wabelgiji walijenga boma pale mwaka 1879, na mwaka 1885 wakalikabidhi kwa Mapadre Weupe, wana wa Kardinali Lavigerie. Wengi huwakumbuka maaskofu, kama Adolphe Lechaptois aliyeliongoza eneo hili tangu 1891 hadi kifo chake mwaka 1917. Sisi tunapenda kumkumbuka mlei mmoja.

Adrian Atiman alizaliwa karibu na mto Niger, katika Mali ya leo. Akiwa mtoto aliibwa, akauzwa, akavushwa jangwa la Sahara kama bidhaa, hata Mapadre Weupe wakamkomboa huko Algeria. Alibatizwa, akapelekwa kisiwani Malta kusomea utabibu, na mwaka 1889 alifika Karema akiwa tabibu na katekista. Alioa huku, na mwanawe Joseph akawa padre. Hakurudi kwao. Alitibu wagonjwa wa mwambao ule mpaka alipofariki mwaka 1956, yaani miaka 67 mahali pamoja.

Tumwangalie vizuri mtu huyu. Yeye alijua, kuliko yeyote kati yetu, maana ya mwanadamu kuwa na bei, kwa kuwa alipata kuwa nayo. Alisoma sayansi ya Ulaya katika karne iliyojivunia sayansi, na hakuona sababu ya kuiacha rozari. Katika mkono wake dawa na sala havikugombana. Nayo sura ile ile ya 38 ya Sira, kabla ya kumfikia mhunzi, huanza na tabibu: husema kwamba Bwana ndiye aliyeziumba dawa kutoka ardhini, na kwamba tabibu naye humwomba Mungu amfanikishe. Hatujui kama Atiman alipata kuitafakari sura hiyo, ila aliiishi.

Basi tunaposikia simu ikilia wakati wa Mageuzo, na mwenye simu akaipokea, hatuoni tu utovu wa adabu. Tunajiuliza kama kuna mahali pengine katika juma lake ambapo anavua viatu: shambani, mbele ya mgonjwa, mbele ya bibi kizee mwenye macho mekundu ambaye kijiji kizima kinamnong'ona. Maana yule bibi naye ni kichaka kinachowaka, na wapo wanaomwona kuwa kuni.

Jambo la mwisho ni la kazi. Yapo malungu ambayo tayari yamebomolewa, udongo wake ukasawazishwa kwa kupanda mahindi. Wazee wa vigango wanaojua mahali yaliyobaki yalipo, au waliosikia kwa baba zao nyimbo za wayeyushaji, tunawaomba wafike ofisini Alhamisi baada ya Misa ya asubuhi. Kijana mmoja wa kwaya atakuwapo na daftari, naye anakijua Kifipa vizuri.