Dhahabu Nyekundu: Taarikhi ya Mstari wa Kipimo cha Malaria

Katika zahanati za nchi zetu, tangu pwani hata kando ya maziwa makuu, ni vifaa vichache vilivyozoewa kama kile kibao kidogo cha plastiki kinachotiwa tone la damu ya kidole pamoja na matone ya dawa yake, kisha baada ya dakika 15 au 20 kikadhihirisha mstari mmoja au miwili ya rangi nyekundu, ambayo mhudumu huisoma na kumweleza mgonjwa kwamba ana malaria au hana. Wenye kazi hiyo hukiita kipimo cha haraka, au kwa herufi zake tu, mRDT. Na aghalabu hata anayekitumia kila siku hajui kwamba wekundu ule si wa damu wala si wa wino, bali katika vibao vingi ni dhahabu, iliyofanywa chembe ndogo mno ambazo jicho haliwezi kuziona moja moja, wala hadubini ya kawaida haiwezi kuzipambanua. Kwa istilahi ya siku hizi kibao hicho ni kifaa cha teknolojia ya nano, ijapokuwa hakuna mtu aliyekibatiza hivyo alipokibuni, na taarikhi yake imelitangulia jina hilo kwa muda mrefu sana.

Nano asili yake ni neno la Kiyunani lenye maana ya kibete, na mkutano mkuu wa kimataifa wa vipimo ndio ulioliingiza katika mizani rasmi ya dunia mwaka 1960, nanomita ikawa sehemu moja ya bilioni ya mita. Unywele mmoja wa binadamu, kwa mfano, una unene wa nanomita makumi ya maelfu. Teknolojia ya nano ni usemi wa Norio Taniguchi, mwalimu wa Chuo Kikuu cha Sayansi cha Tokyo, aliyeutumia mwaka 1974 akikusudia uchongaji wa vyuma na mawe kwa usahihi wa hali ya juu, wala hapakuwa na tabibu wala mgonjwa katika fikira zake. Sheria ya Umoja wa Ulaya juu ya vifaa vya tiba, iliyopitishwa mwaka 2017, inahesabu kuwa ni kitu cha nano kile ambacho nusu au zaidi ya chembe zake zina kipimo kati ya nanomita 1 na 100, na hukaza masharti kwa kadiri chembe hizo zinavyoweza kupenya mwilini. Na kwa kuwa kibao cha malaria huyafanya yote nje ya mwili, chenyewe kiko chini ya sheria nyingine ya mwaka huohuo, ile ya vifaa vya uchunguzi. Msomaji atatambua kwamba maana hiyo ni ya ukubwa tu, haitaji mashine wala maarifa ya ajabu, na kwa hiyo kitu cha kale sana chaweza kuingia ndani yake bila ya kubadilishwa hata kidogo.

Na kwa hakika dhahabu haikungoja karne ya ishirini ndipo iingie katika mkoba wa tabibu. Ibn Sina, aliyefariki mwaka 1037, aliitaja katika Qanun yake miongoni mwa vitu vya kuutia moyo nguvu. Matabibu wa Bara Hindi waliichoma na kuisaga tena na tena mpaka ikawa jivu waliitalo bhasma, na jivu hilo, lilipotazamwa na wataalamu wa zama zetu, lilionekana kuwa na chembe za makumi ya nanomita. Na huko Ulaya, katika karne ya kumi na sita, tabibu Paracelsus aliisifu dhahabu ya kunywa kwa maradhi chungu nzima, sifa ambazo, tukisema kweli, ziliupita ushahidi wake kwa mbali. Waliofaulu zaidi ni mafundi wa vioo. Katika Jumba la Makumbusho la Uingereza, mjini London, kimewekwa kikombe cha Kirumi cha karne ya nne, chenye sura ya mfalme Lycurgus, ambacho kikimulikwa kwa nje huonekana cha kijani, na taa ikiwekwa ndani yake hugeuka chekundu, kwa sababu ya vumbi la dhahabu na fedha lililoyeyushwa pamoja na kioo. Mwaka 1685 Andreas Cassius akachapisha kitabu juu ya dhahabu, na zambarau ipatikanayo kwa kuchanganya dhahabu iliyoyeyushwa na bati ikachukua jina lake. Mafundi hao wote walijua la kutenda. Kwa nini dhahabu ya manjano itoe wekundu, hawakupata kulijua.

Aliyelisaili jambo hilo kwa haki yake ni Michael Faraday, mwana wa mhunzi, ambaye alijifunza kazi ya kujalidi vitabu kabla ya kuwa mwanachuoni mashuhuri wa Royal Institution ya London. Katika mwaka 1856, hali amekwisha kupata sifa kwa uvumbuzi wake wa umeme, alishughulika na namna nuru inavyopita katika dhahabu iliyofanywa utando mwembamba kupita kiasi, na katika kazi hiyo, akitumia fosforasi kuitoa dhahabu katika maji iliyoyeyushiwa, akapata majimaji mekundu kama yakuti. Mwingine angeyamwaga akiyadhania kuwa ni takataka za kazi. Faraday aliyapitishia mwali wa nuru kwa ubavuni, akaona njia ya mwali ule inang'aa ndani ya majimaji, ishara ya kwamba mna chembe zinazoelea; akatia chumvi kidogo, na wekundu ukageuka kuwa rangi ya buluu; naye akahukumu kwamba kilichomo ni dhahabu ile ile, na kwamba tofauti ya ukubwa wa chembe yatosha kuzaa tofauti ya rangi. Aliyahadhiria hayo tarehe 5 Februari 1857, na baadhi ya chupa zake zingali zimehifadhiwa katika taasisi hiyo, na rangi imo. Kwa rai yangu hapo ndipo ianziapo taarikhi ya kibao chetu, kwa kuwa mambo mawili aliyoyaona, wekundu wa chembe zilizotengana na ubuluu wa chembe zilizoungana, ndiyo waliyoyatumia wote waliomfuata.

Wa kwanza wao alikuwa Richard Zsigmondy, mzaliwa wa Vienna, aliyekuwa akifanya kazi katika kiwanda cha vioo cha Jena. Alionyesha kwamba gelatini na vitu vya jinsi ya protini huzihami chembe za dhahabu zisiunganishwe na chumvi, kisha, pamoja na Siedentopf wa kampuni ya Zeiss, akaunda hadubini ya kuzimulika kwa ubavuni zikaonekana kama nukta za nuru; na kazi hiyo ndiyo iliyompatia Tuzo ya Nobel ya kemia ya mwaka 1925. Haukupita muda mrefu matabibu wakaitia mkono dhahabu hiyo: mwaka 1912 Carl Lange, katika mji wa Berlin, aliichanganya na maji ya uti wa mgongo yaliyopunguzwa makali daraja kwa daraja, na kwa jinsi wekundu ulivyogeuka akaweza kutambua kaswende iliyofika katika ubongo. Kipimo hicho kilitumika kwa miongo kadhaa, nami nakihesabu kuwa kifaa cha uchunguzi cha nano miaka 62 kabla ya Taniguchi kutamka neno lake. Chumvi za dhahabu alizozijaribu tabibu Koch kwa kifua kikuu, na tabibu Forestier kwa baridi yabisi, ni habari nyingine, maana hizo ni dawa na hazina chembe.

Baada ya hapo mambo yalikwenda mbio. Mwaka 1951 John Turkevich wa Princeton na wenziwe walieleza namna ya kuzitengeneza chembe za ukubwa wa takriban nanomita 20 kwa kuchemsha dhahabu iliyoyeyushwa pamoja na sitrati, njia nyepesi ambayo maabara zingali zikiifuata. Mwaka 1971 watafiti Faulk na Taylor wakazivika kingamwili, wapate kuzitambua mahali zinaponata chini ya hadubini ya elektroni. Na mwaka 1980 Leuvering na wenziwe, katika kampuni ya Organon ya Uholanzi, wakazitumia kupima mimba kwa mkojo, rangi ikiwa ndiyo jibu, bila ya mashine yoyote. Kipimo cha mimba cha nyumbani kilichotoka Uingereza mwaka 1988, na kuueneza ulimwenguni huu mtindo wa ukanda, kilikuwa na mstari wa buluu, kwa kuwa chembe zake zilikuwa za lateksi. Dhahabu ikaja kutawala kwa wepesi wa kushikamana na protini na kwa uthabiti wa rangi yake.

Malaria ilifikiwa katika miaka ya 1990, ilipojulikana kwamba protini moja ya kimelea cha Plasmodium falciparum, iitwayo HRP2, yaweza kunaswa katika damu. Tone likiisha kutiwa, maji huisukuma damu katika utando, njiani ikakutana na chembe za dhahabu zilizovikwa kingamwili; protini ya kimelea, ikiwamo, hushikwa nazo, kisha zote hunaswa na kingamwili nyingine zilizotandazwa mahali pa herufi T, na chembe zikisongamana hapo jicho huona mstari. Chembe zilizopita hunaswa mahali pa herufi C. Lakini ufundi peke yake haukutosha kukifikisha kijijini. Klorokwini ilipokuwa ikiponya, na bei yake ni senti, kila homa ilitibiwa kuwa malaria na hapakuwa na hoja ya kupima. Iliposhindwa, Tanzania ikaiacha mwaka 2001, kisha kufika mwaka 2007 ikawa imeingia katika dawa ya mseto, ambayo bei yake ilikuwa kubwa na kuigawa ovyo ni kuihatarisha. Mwaka 2010 Shirika la Afya Duniani likaagiza kwamba kila anayedhaniwa kuwa na malaria apimwe kwanza, mtoto na mtu mzima, na tangu mwaka huo vipimo zaidi ya bilioni 3 vimeuzwa ulimwenguni.

Ilhali hayo yakitendeka, jina la nano lilikuwa likivuma kwa habari nyingine. Mwanafizikia Richard Feynman, katika hotuba yake ya Desemba 1959 huko California, alisimulia wazo la rafiki yake la kummeza tabibu wa upasuaji, yaani mashine ndogo ya kutembea katika mishipa na kurekebisha moyo. Mhandisi Eric Drexler akaandika kitabu mwaka 1986 juu ya mashine za namna hiyo. Na tangu hapo mtu akisikia kifaa cha tiba cha nano humjia akilini roboti linaloogelea katika damu. Roboti hilo halijafika katika wodi zetu, na wanaolitangaza jina la nano kwenye vikopo vya mafuta na vidonge vya nguvu wanaliuza jina tupu.

Kibao nacho kina mpaka wake. Mwaka 2010 watafiti waliarifu kwamba katika misitu ya Peru wamo vimelea wasiokuwa na jeni ya HRP2, na mwaka 2016 Eritrea ikalazimika kubadili vipimo vyake baada ya wagonjwa wake kupewa jibu la kuwa salama ilhali wana malaria. Joto nalo hukiharibu, ndiyo maana huandikwa kisiwekwe mahali panapozidi nyuzi 30 au 40. Basi, ewe msomaji, ukipimwa, utazame kwanza mstari wa C: usipotokea, hata kama ule wa T umewaka, kipimo hicho ni batili, nawe una haki ya kuomba kingine.