Nguruwe Bungeni, Kaloli Juu ya Mti

Juni 17, 2014, vijana wawili wa kundi lililojiita Jobless Brotherhood walipenya hadi ndani ya uzio wa Bunge la Uganda, Kampala, wakiwa na watoto wawili wa nguruwe waliopakwa rangi ya njano, rangi ya chama tawala cha NRM. Walikuwa wanalalamikia ukosefu wa ajira na ulafi wa wanasiasa. Vijana wakakamatwa, na nguruwe vilevile. Polisi wakatangaza uchunguzi, bila shaka kwa nyuso zilizokazwa. Nguruwe wakawa kielelezo cha kesi, na kielelezo kinachokula, kinachokunya na kupiga kelele usiku kucha hakifungiki kabatini.

Kisa kama hicho kingefaa kwenye runinga. Mwaka 2023 televisheni ya Fox ya Marekani ilianza kuonyesha Animal Control, vichekesho vya kazini kuhusu maofisa wa kudhibiti wanyama mjini Seattle. Joel McHale anaigiza Frank, polisi wa zamani aliyefukuzwa kazi na sasa anakimbizana na wanyama. Watunzi wake ilibidi wabuni visa. Kampala visa vimo kwenye historia ya jiji, na utamu wake uko kwenye swali moja ambalo kila karani hulikwepa: mnyama huyu ni wa ofisi ipi?

Uchumi ulipoporomoka enzi za Idi Amin, wakazi wa mjini walianza kulima na kufuga uani ili wapate kula. Ng'ombe wa maziwa akafungwa nyuma ya nyumba, kuku wakalala jikoni. Halmashauri ya Jiji ilikuja kuandika kanuni zake za mifugo na wanyama wa nyumbani mwaka 2006, ikitaka mfugaji awe na kibali. Kufikia hapo watoto wa wafugaji wale wa kwanza walikuwa na mifugo yao wenyewe. Mwaka 2011 Halmashauri ikavunjwa, ikaundwa Mamlaka ya Jiji Kuu la Kampala, KCCA, chini ya Jennifer Musisi, na mafaili yakahamia kwa mabosi wapya.

Mbwa koko ni wa jiji, kwa sababu ya kichaa cha mbwa, ugonjwa ambao dalili zikishajitokeza mgonjwa karibu kamwe haponi. Tumbili aliyeingia jikoni ni wa Mamlaka ya Wanyamapori, UWA, iliyoundwa mwaka 1996. Akijeruhiwa, huenda akaishia Entebbe, kwenye kituo kilichoanza miaka ya 1950 kama makao ya wanyama yatima. Nguruwe wa njano, kama tulivyoona, ni wa polisi.

Halafu kuna kaloli. Ndege huyu, korongo mwenye mfuko shingoni na upara wenye madoa, husimama kimo cha mtoto wa shule na akitandaza mabawa huweza kupita mita mbili na nusu. Hujinyea miguuni ili apoe jua likiwa kali, ndiyo maana miguu yake huonekana kama imepakwa chokaa. Aliongezeka Kampala kuanzia miaka ya 1970, uzoaji wa taka ulipolegea na mabaki ya machinjio na masoko yakawa karamu ya kila siku. Anajenga kiota juu ya miti mikubwa ya barabarani, na anayeegesha gari chini yake hujuta. Ni ndege wa porini, kwa hiyo jiji halimgusi hivi hivi. Lakini chakula chake ni taka, na taka ni za jiji. Kumfukuza bila kuzoa taka ni kumhamishia mtaa wa pili, na nadhani kila ofisa aliyewahi kupokea malalamiko hayo analijua hilo moyoni.

Popo nao walikuwa na bonde lao: karibu na Barabara ya Bombo, Bat Valley ilibeba jina la popo wa matunda waliojazana mitini. Hesabu ya miaka ya 1960 ilikuwa kama 250,000. Kufikia 2007 walibaki wapatao 40,000. Bonde hilohilo ndiko waliko­kuwa Bakayimbira Dramactors kwa miaka mingi, wakichekesha watu kwa Kiganda katika ukumbi ulioitwa Bat Valley Theatre. Wenzao wa kundi la The Ebonies walivuma kwa tamthilia ya That's Life Mwattu kwenye televisheni ya WBS, na mhusika wake Dr. Bbosa akawa jina la kila nyumba.

Sebule ya familia ni jukwaa rahisi, na hapo ndipo vichekesho vyetu vimependa kukaa. Ila ofisi ya daktari wa mifugo wa jiji haigharimu zaidi: meza mbili, simu moja isiyonyamaza, rundo la fomu, na ofisa wa UWA aliyekuja kusema kwamba jambo hili halimhusu. Mnyama mwenyewe si lazima aonekane. Nguruwe akikoroma nyuma ya pazia, inatosha.