Sotigui Kouyaté (1936–2010): griot mwenye alipeleka neno la wazee mpaka mu sinema

Watu wengi wanafikiri ya kwamba sinema na desturi ni vitu viwili vyenye kupigana. Wanasema sinema ndiyo inaharibu vijana. Desturi nayo inabakia kijijini pamoja na wazee, na siku wazee watakwisha, itakwisha pamoja nao. Katika kurasa hizi tunaleta mfano wa mtu mmoja mwenye maisha yake yanatuomba tufikiri namna ingine. Ni Sotigui Kouyaté, mchezaji wa teatre na wa filme, mtoto wa ukoo wa wasimulizi wa Afrika ya Magharibi. Alicheza zaidi ya miaka 40, kuanzia Ouagadougou mpaka Avignon, Paris na Berlin. Swali letu ni hili: huyu mzee aliacha kazi ya baba zake kusudi awe nyota ya filme, ao aliifanya kazi ile ile mahali pengine?

1. Ukoo wenye kazi ya neno

Mu nchi za Wamandinka, ni kusema Mali, Guinée na majirani zao, kuna watu wenye Wafaransa waliwaita griots. Wenyeji wenyewe wanawaita jeli. Tusifikiri ni waimbaji wa sherehe tu, wenye kusifu matajiri kusudi wapate feza. Hao wako, lakini kazi yenyewe ni kubwa zaidi. Griot anashika nasaba za watu: nani alizaa nani, ukoo gani ulifanya mapatano na ukoo gani, na kwa sababu gani. Anakuwa pale wakati wa ndoa, wakati mtoto anapewa jina, na wakati wa kilio. Familia mbili zikigombana, ni yeye anatumwa katikati. Tena mtu hachagui kuwa griot, anazaliwa griot.

Ukoo wa Kouyaté ni wa mbele kati ya hao. Ndio griots wa wafalme Keïta, tangu siku za Soundjata Keïta, mwenye alimshinda Soumaoro Kanté, mfalme wa Sosso, ku Kirina karibu mwaka wa 1235. Masimulizi yanasema ya kwamba griot wa Soundjata, Balla Fasséké, alikamatwa na Soumaoro, na kule akapiga balafon ya mfalme huyo. Balafon inayoitwa Sosso-Bala ingali inachungwa na familia ya Kouyaté ku Niagassola, mu Guinée, na mwaka 2001 UNESCO iliandika eneo lake la utamaduni kati ya hazina za masimulizi za ulimwengu.

Kwetu Kivu jambo hili si geni. Wanyanga wa Walikale wana shekarisi, mtu mwenye kusimulia hadithi ndefu ya Mwindo. Mwaka 1956 shekarisi Candi Rureke aliisimulia muda wa siku 12, ikaandikwa, na mwaka 1969 Daniel Biebuyck pamoja na mwenzetu Kahombo Mateene waliitoa mu kitabu. Walioona kazi hiyo wanaeleza ya kwamba shekarisi hakai tu na kusema. Anaimba, anacheza ngoma, anaiga mwendo wa Mwindo na wa adui zake. Kwa hiyo tukisema griot alipanda ku jukwaa, tusishangae sana. Mbele teatre ya Wazungu ifike, msimulizi wetu alikuwa tayari mchezaji.

2. Kutoka mpira mpaka teatre

Sotigui Kouyaté alizaliwa tarehe 19 Julai 1936 ku Bamako. Wazazi wake walikuwa na asili ya Guinée, naye akakulia mu Haute-Volta, nchi inayoitwa Burkina Faso tangu 1984. Ndiyo sababu nchi tatu zinamhesabu kuwa mtoto wao: Mali kwa kuzaliwa, Guinée kwa ukoo, Burkina Faso kwa maisha.

Mwanzoni watu hawakumjua kwa neno, walimjua kwa miguu. Alikuwa mchezaji mpira, tena mu timu ya taifa ya Haute-Volta. Ni mwaka 1966 tu, akiwa karibu na miaka 30, rafiki yake Boubacar Dicko alimvuta mu mchezo wa teatre. Kisha akaanzisha kundi lake mwenyewe. Wakati ule teatre haikulisha mtu; mchana mtu alikuwa na kazi yake, na magaribi walikutana kufanya mazoezi. Wenye kundi la teatre kwetu wanaelewa maisha ya namna hiyo bila kuelezwa.

Filme zilifuata polepole. Mwaka 1972 alionekana mu FVVA, filme ya Moustapha Alassane wa Niger, yenye jina linaloeleza tamaa nne za mtu wa mjini: mwanamke, villa, gari, feza. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 alicheza mu Le Courage des autres ya Christian Richard, filme juu ya msafara wa watumwa. Hii filme haikujulikana sana, lakini ndiyo ilifungua mlango, kwa maana watu wa Peter Brook waliiona.

3. Griot mbele ya ulimwengu

Peter Brook (1925–2022) alikuwa Mwingereza mwenye kuongoza teatre ya Bouffes du Nord ku Paris tangu 1974. Alikuwa anatafuta wachezaji wa mataifa mengi kwa kazi moja kubwa: kuweka ku jukwaa Mahabharata, hadithi kubwa ya Wahindi. Mu Julai 1985, mu shimo la mawe karibu na Avignon, mchezo huo ulionyeshwa muda wa saa 9. Sotigui alikuwa karibu kutimiza miaka 49. Alicheza Bhishma, mzee wa ukoo mwenye aliapa kutooa kamwe kusudi baba yake apate bibi, na mwenye alipewa uwezo wa kuchagua saa ya kifo chake. Mwaka 1989 kazi hiyo ikawa filme.

Tuangalie vizuri. Wahindi wana hadithi ndefu yenye vita ya ndugu kwa ndugu, viapo na nasaba. Wamandinka nao wana Soundjata. Mtu mwenye alizaliwa ndani ya moja hakuhitaji kufundishwa uzito wa kiapo kusudi acheze ingine. Brook hakumtafuta Sotigui juu ya rangi ya ngozi. Alimtafuta juu ya kitu chenye teatre ya Ulaya ilikuwa imepoteza.

Mwaka 1990 jambo hili lilionekana wazi zaidi. Brook alionyesha The Tempest ya Shakespeare, kwa Kifaransa. Ndani yake kuna Prospero, bwana wa kisiwa mwenye elimu ya siri, na kuna Caliban, mtumwa wake. Kwa miaka mingi wasomi wa Afrika na wa visiwa vya Karibi walisoma Caliban sawa vile mtu aliyetawaliwa na mkoloni. Brook aligeuza: Prospero akawa Sotigui Kouyaté, Ariel akawa Bakary Sangaré wa Mali, na Caliban akachezwa na Mzungu, David Bennent. Hakuna hotuba iliyotolewa juu ya ukoloni. Mtazamaji aliona tu Mwafrika ndiye mwenye elimu, na akabakia na mawazo yake.

Kisha mu 1993 alicheza L'Homme qui, mchezo juu ya wagonjwa wa ubongo, na mu 2004 Tierno Bokar. Huyu Tierno alikuwa mwalimu wa dini ku Bandiagara, na Amadou Hampâté Bâ alikuwa mwanafunzi wake. Waislamu waligawanyika, hata watu wakafa, juu ya sala moja: irudiliwe mara 11 ao mara 12? Kazi ya Sotigui ilikuwa kuonyesha mtu mwenye anakubali kutengwa na watu wake kuliko kutia moto mu ugomvi. Hiyo ni kazi ya griot kabisa: kusimama katikati.

4. Djéliba na mwalimu

Kwetu walimu, filme yenye kutugusa zaidi ni Keïta! L'Héritage du griot, ya mwaka 1995. Aliyeitengeneza ni Dani Kouyaté, mtoto wa Sotigui. Baba alicheza Djéliba, griot mzee anayetoka kijijini na kufika mjini ku nyumba ya familia Keïta. Anamkuta mtoto, Mabo Keïta, mwenye kusoma masomo ya kizungu na asiyejua jina lake linatoka wapi. Mzee anaanza kumsimulia Soundjata. Mtoto anashikwa na hadithi, anaanza kusinzia mu kalasi, anasimulia wenzake, masomo yanaharibika. Mama anakasirika, mwalimu analalamika, baba hajui asimame upande gani. Mwisho mzee anarudi bila kumaliza hadithi.

Filme hii haimchoreshi mwalimu kuwa adui. Ana programu yake, ana mtihani mbele yake, na anawajibika kwa wazazi. Lakini mzee anapomwuliza maana ya jina lake mwenyewe, mwalimu hana jibu. Hapo kila mwenye diploma anapashwa kujiuliza kidogo. Mzee hasemi masomo yafungwe. Anasema mtoto anapashwa kujua anatoka wapi mbele ya kufundishwa aende wapi. Kosa lenyewe, kwa maoni yangu, liko mu saa: masomo yana dakika zake zenye kuhesabiwa, na hadithi ya wazee haina kengele. Hakuna mtu katika filme ile aliyekaa chini kutafuta namna ya kupatanisha saa hizo mbili. Sisi tunaweza kuitafuta.

5. Neno lenye kushikwa

Kuna kitu kimoja cha kushangaza katika filme zake za mwisho. Mtu wa ukoo wa neno alisema maneno kidogo zaidi na zaidi.

Mu Little Senegal ya Rachid Bouchareb (2001), ni Alloune, mzee mwenye kuongoza wageni mu Nyumba ya Watumwa ku kisiwa cha Gorée. Anasafiri mpaka Marekani kutafuta wazao wa watu wa ukoo wake waliouzwa. Anawapata, lakini wao hawamngojei, na Mwafrika wa kule na Mwafrika wa huku wanadharauliana. Mzee hana hotuba ya kuwapatanisha. Ana uvumilivu na majina ya mababu.

Mu London River, ya Bouchareb vile vile (2009), ni Ousmane, mfanyakazi wa misitu mu Ufaransa. Anafika London nyuma ya mabomu ya tarehe 7 Julai 2005, kutafuta mtoto wake mwanaume ambaye hakumlea. Anakutana na mama mmoja Mwingereza, mwenye kuchezwa na Brenda Blethyn, naye anatafuta binti yake. Mama anamwogopa kwanza: ni mtu mweusi, ni Mwislamu. Kumbe watoto wao walikuwa wanaishi pamoja. Sotigui, mrefu na mwembamba, anatembea na fimbo yake, anasikiliza, anangoja. Kwa kazi hiyo ya kimya alipewa Dubu wa Feza wa mchezaji bora mwanaume ku Berlin, mu Februari 2009. Alikuwa na miaka 72. Tarehe 17 Aprili 2010 akafa ku Paris.

Kimya hicho hakipingani na kazi ya griot. Mtu mwenye kushika siri za koo zote anapashwa kujua neno gani lisitoke, maana neno moja la zamani linaweza kurudisha vita. Wazee wetu wenye kukata maneno ya mashamba na ya ndoa wanajua jambo hili: yule mwenye kusema wa kwanza si yeye mwenye kumaliza ugomvi. Griot anapimwa kwa neno analotoa na kwa neno analoshika.

6. Tujifunze nini?

Wengine watasema: lakini aliwafanyia kazi Wazungu, na hazina ya Afrika ikaonyeshwa ku Paris. Maneno hayo yana uzito. Lakini tusisahau ya kwamba mwaka 1997 alianzisha Mandéka Théâtre ku Bamako pamoja na wenzake, na mwaka 1999 akaongoza Antigone, mchezo wa Wagiriki, pamoja na wachezaji wa Mali. Watoto wake nao wanaendelea: Dani mu filme, Hassane Kassi mu masimulizi na teatre. Ukoo haukukatika.

Kwa hiyo jibu la swali letu la mwanzo ni hili: Sotigui hakuacha kazi. Alibadilisha mahali pa kukaa, akabakia na kipimo kile kile: kujua nasaba, kusimama katikati, kushika neno.

Kwetu, tangu vita ya 1996, vijiji vingi vya Walikale na vya kwingine vilihama na kuhama tena. Wazee wengi walikufa mbali na watoto wenye wangepashwa kuwasikiliza. Tusingoje Peter Brook mwingine aje kuwatafuta waliobakia. Kila mwalimu anaweza kutoa kazi moja kwa mwaka: kila mwanafunzi aende kwa mzee wa kwao, aulize jina lake linatoka wapi, aandike jibu, kisha alisimulie mbele ya wenzake akiwa amesimama. Mwenye ana telefone arekodi sauti. Haitaomba feza nyingi. Itaomba tu saa yenye haina kengele, na mzee mwenye angali pale.