Kusoma Faili Lililofungwa: Maktaba za Pamoja za Kompyuta na Maneno ya Mwambao wa Rumonge

Utangulizi

Mwanafunzi wa isimu na mwanafunzi wa kompyuta hukabiliwa na tatizo moja: kuelewa kitu ambacho waliokitengeneza hawapo na maandishi yake ya awali hayapatikani. Makala haya yanaeleza kwanza jinsi wataalamu wa kompyuta wanavyosoma mafaili yaitwayo maktaba za pamoja. Kisha yanaitumia njia hiyo kusoma historia ya Kiswahili katika mwambao wa Burundi wa Ziwa Tanganyika, hasa Rumonge, mji wa wavuvi na mawese ulio kusini mwa Bujumbura. Tunakusudia kuonyesha kwamba Kiswahili cha huko ni kumbukumbu inayostahili kusomwa kabla ya kusahihishwa.

Maktaba ya pamoja ni nini?

Programu ya kompyuta huandikwa kwa lugha ambayo binadamu anaweza kuisoma. Baadaye programu nyingine, iitwayo kompaila, huigeuza kuwa tarakimu za mashine. Kazi ambazo programu nyingi huzihitaji, kama vile kupanga tarehe au kuchora herufi kwenye skrini, huwekwa katika faili moja ambalo programu zote huliazima zinapofanya kazi. Faili hilo ndilo maktaba ya pamoja. Wazo hili lilijaribiwa katika mfumo wa Multics miaka ya 1960, likaenea katika mifumo ya Unix baada ya SunOS 4.0 ya mwaka 1988. Leo kila simu ya Android ina maktaba nyingi za aina hii, na majina yake huishia na herufi .so.

Anayelifungua faili la namna hii kwa mara ya kwanza haoni maneno yanayosomeka. Hata hivyo, faili lenyewe hujitambulisha. Baiti yake ya kwanza ni namba 127, na tatu zinazofuata ni herufi E, L na F. Ndani yake huweza kuwamo orodha mbili za majina. Orodha ya kwanza hukusanya majina kwa mapana, pamoja na yale ya matumizi ya ndani. Mtengenezaji anaweza kuifuta na programu ikaendelea kufanya kazi kama kawaida. Orodha ya pili ina majina ya kazi ambazo faili huwapa wengine, au huziazima kwa wengine. Hii haifutwi, kwa sababu bila hiyo programu nyingine hazitajua mlango wa kugonga. Kwa hiyo hata faili lililosafishwa sana hubaki na majina ya mahali linapokutana na wengine.

Majina hayo nayo huvishwa mavazi. Tuchukue lugha ya Rust, ambayo toleo lake la 1.0 lilitolewa Mei 2015. Kazi iitwayo bei, iliyomo katika programu iitwayo duka, kwa mtindo wa awali wa kompaila hiyo hutoka ikiwa _ZN4duka3bei, kisha hufuata mkia wa herufi na tarakimu. Namba 4 ni idadi ya herufi za duka, na 3 ni idadi ya herufi za bei. Mtindo mpya huanza na _R. Mwandishi anayetaka jina libaki kama lilivyo, ili programu za lugha nyingine zilitambue, hana budi kuagiza hivyo waziwazi. Aidha, matini zilizomo katika mafaili ya Rust mara nyingi huonekana zimegandana bila nafasi, kwa kuwa urefu wa kila moja huhifadhiwa mahali pengine. Msomaji asiyezijua kanuni hizi huona takataka. Anayezijua huvua vazi na kulikuta neno.

Kiswahili chafika mwambaoni

Richard Burton na John Hanning Speke walipofika Ujiji mwezi Februari 1858, waliwakuta wafanyabiashara kutoka pwani ya Bahari ya Hindi. Miezi michache baadaye walisafiri kwa mitumbwi hadi Uvira, kaskazini mwa ziwa. Katika miongo iliyofuata wafanyabiashara wa Ujiji, akiwamo Muhammad bin Khalfan aliyejulikana kwa jina la Rumaliza, walieneza biashara na mamlaka yao katika fuko za kaskazini. Mwaka 1879 wamisionari Wakatoliki wa shirika la White Fathers walifungua kituo Rumonge. Mwaka 1881 watatu kati ya watu wa kituo hicho waliuawa, na kazi yao hapo ikakoma. Wajerumani waliweka boma Usumbura, yaani Bujumbura ya leo, mwaka 1897. Kiswahili kilikuwa lugha ya askari na makarani wao. Wabelgiji walichukua nchi mwaka 1916 na Kifaransa kikashika ofisi, lakini Kiswahili kilibaki katika masoko na mitaa kama Buyenzi, Rumonge na Nyanza-Lac.

Kuvua mavazi ya maneno

Sasa tusome. Kirundi kina maneno igitabo, ikaramu, isaha, ishure na amahera. Kila moja limevishwa kiambishi cha ngeli ya Kirundi, na l ya Kiswahili imekuwa r. Tukivua mavazi hayo tunakuta kitabu, kalamu, saa, shule na hela. Matatu ya kwanza yalifika kwenye Kiswahili kutoka Kiarabu. Shule ni neno la Kijerumani. Hela ni heller, sarafu iliyoanzishwa katika Afrika Mashariki ya Kijerumani mwaka 1904. Utawala wa Kijerumani uliondoka na sarafu yake ikatoweka, lakini hadi leo Mrundi anayesema amahera anamaanisha fedha.

Tuangalie maneno haya yanatoka wapi katika maisha ya watu. Yanatoka mezani pa karani, darasani na dukani. Majina ya ndugu, ya mifugo na ya kazi za shamba kwa jumla yalibaki ya Kirundi chenyewe. Kama ilivyo katika lile faili, kilichosalia kutoka kwa wageni ni majina ya mahali pa kukutana.

Hata hivyo, kufanana si ushahidi wa kukopa. Samaki wadogo wa ziwani huitwa indagara kwa Kirundi na dagaa kwa Kiswahili sanifu. Mwanafunzi mwenye haraka atasema Kirundi kimekopa. Lakini linganisha inzara na njaa. Kiswahili kilipoteza sauti ya l kati ya irabu katika neno njaa, na Kirundi kimeihifadhi kama r. Kama indagara lingetokana na dagaa la leo, hiyo r isingekuwa na pa kutokea.

Ulinganisho huu una mpaka wake. Kompaila hufuata kanuni ileile kila mara, lakini wasemaji hawafanyi hivyo. Na wasemaji, tofauti na faili, wanaweza kuulizwa.

Kinachofutwa darasani

Mwishoni mwa Aprili 1972 uasi ulianza katika sehemu za Rumonge na Nyanza-Lac, ukafuatwa na mauaji makubwa ya Wahutu yaliyofanywa na utawala wa wakati huo. Watu wengi walikimbilia Tanzania. Katika makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo walizaliwa watoto waliokua na kusoma kwa Kiswahili. Maelfu walirejea Burundi kuanzia mwaka 2008, na wengi wa waliorudi mwambaoni walikuta mashamba ya wazazi wao yana watu wengine. Shuleni walikuta Kirundi na Kifaransa. Kwa hiyo katika mji mmoja hukutana Kiswahili cha wazee wa soko, Kiswahili cha ng'ambo ya ziwa upande wa Kongo, na Kiswahili cha waliorejea.

Burundi iliingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007, na Kiswahili kikapata nafasi mpya shuleni. Hapo ndipo mwalimu anapotakiwa kuwa mwangalifu. Mtoto wa mwambaoni akiandika ndagala, akakatwa kwa wino mwekundu na kuandikiwa dagaa bila maelezo, amepata neno la mtihani. Wakati huohuo ameambiwa kwamba neno la nyumbani kwao ni kosa, ilhali neno hilo limehifadhi l ambayo Kiswahili sanifu kimeipoteza.

Hitimisho

Hatusemi usanifu uachwe. Mtoto wa Rumonge anastahili kukijua Kiswahili kitakachomfikisha Kigoma, Dar es Salaam na Nairobi. Tunachopendekeza ni zoezi jepesi. Kila mwanafunzi akusanye maneno ishirini kutoka kwa watu wa nyumbani au sokoni, ayapange katika safu tatu: neno kama linavyosemwa, neno baada ya kuvuliwa viambishi, na mahali linapotumika. Safu ya tatu isiachwe wazi, kwa kuwa ndiyo itakayoonyesha watu walikutana wapi. Baada ya hapo mwalimu afundishe umbo sanifu, na daftari la maneno hayo lihifadhiwe shuleni.