Mnyooko, Si Mstatili

Mstatili una pande nne na pembe mraba nne. Hilo mtoto wa shule ya msingi analijua, na akilikosea katika mtihani anakatwa alama. Lakini kijitabu kimoja cha hisabati kwa walimu, kilichopitiwa na kamati yenye majina marefu na vyeo virefu zaidi, kinatueleza bila kupepesa macho kwamba kuna "jometri ya mstatili", na ndani yake kimeingiza pembetatu, pembetano, pembesita na hata nyota ya ncha tano. Ukigeuza ukurasa unakutana na "mwendo wa mstatili", ambao kwa mujibu wa mchoro ni jiwe linaloachiwa kutoka juu ya mnara likashuka moja kwa moja hadi chini. Nimelitazama jiwe lile kwa muda. Sikuona lilipokata kona.

Kosa lilivyozaliwa si siri. Kiingereza kina maneno mawili yanayoanza kwa sauti ileile, rectangular na rectilinear, na mtu anayefasiri usiku kwa ajili ya kikao cha asubuhi atayaona pacha. Si pacha. Katika yote mawili kuna rectus ya Kilatini, yaani iliyonyooka, ila katika la kwanza sifa hiyo imepewa pembe na katika la pili imepewa mstari. Pembetatu yoyote ile, hata iwe imelala upande kama mlevi, ina mistari iliyonyooka. Kuwa na pembe mraba ni habari nyingine kabisa.

Tungekiuliza Kiarabu, tulikolitoa neno mstatili, tungeepuka fedheha hii. Mustatil ni kitu kilichorefuka, kilichovutwa kikawa kirefu. Mzizi wake ndio huohuo uliowapa washairi wetu wa kale tawili. Hamna ndani yake harufu ya kunyooka. Mraba umetokana na nne, arba'a, na mstatili ni ndugu yake aliyezidi upande mmoja, basi. Vyumba vya nyumba za mawe za Lamu ni vya mstatili kwa maana hiyo ya asili: upana wake uliamuliwa na boriti za mikoko, ambazo hazibebi dari yenye upana wa zaidi ya mita 3 hivi, na urefu ukaachwa uende unakotaka. Anayetaka kuliita jiwe linaloanguka mstatili atuambie limerefuka kiasi gani.

Sasa mstari wenyewe. Linea ya Warumi imetoka kwenye linum, kitani. Mstari kwao ulikuwa kwanza uzi wa kitani uliovutwa ukakaza. Sisi mstari tumeupata kwa Waarabu, ambao kwao satr ni safu ya maandishi na mistara ni chombo cha kuipigia. Chombo hicho kilikuwa kibao au karatasi nene iliyotungwa nyuzi kwa nafasi sawa. Mwandishi wa nakala alilaza karatasi yake juu, akapitisha kidole penye kila uzi, na karatasi ikatoka na mifuo isiyo na wino ya kuiongoza kalamu. Neno lilipofika kwetu tukalitia katika ngeli ya mti na miti, likakaa humo kama mwenyeji. Uzi uko Roma, uzi uko kwa wanakili wa Kiislamu, na uzi ungali mkononi mwa fundi mwashi leo hii, ambaye hapangi safu ya tofali kabla hajavuta uzi baina ya pembe mbili za nyumba. Kama ukuta umesimama wima ataambiwa na timazi. Kama umelala sawa ataambiwa na pima maji. Kama umenyooka ataambiwa na uzi. Natumai msomaji amekisikia kitenzi alichokitumia fundi, maana kamati haikukisikia.

Hata hivyo siwezi kukubaliana na wale wanaodai kwamba "jometri ya mistari" inatosha, eti mstari ni mstari. Mstari tuliopewa umenyooka tumeupinda wenyewe. Leo tunasema mstari uliopinda na hakuna anayeshtuka. Kuna mstari wa shairi, ambao wenye fani wanauita mshororo. Kuna mstari wa wanafunzi asubuhi, ambao mwalimu wa zamu hushinda akiunyoosha. Kulikuwa na Nchi za Mstari wa Mbele katika ukombozi wa kusini mwa Afrika, na ukiziandama kwenye ramani, Tanzania, Zambia, Msumbiji, Botswana, Angola, hupati mstari wowote ambao rula ingeukubali. Duara nalo limechorwa kwa mstari. Wale wa "jometri ya laini" nitawapa sentensi moja tu: laini kwa Kiswahili ni kitu kisichokwaruza, au kadi ya simu.

Euclid mwenyewe hakuona aibu kusema kwamba mstari ni kitu kimoja na mstari ulionyooka ni kitu kingine. Katika kitabu cha kwanza cha Elementi anaeleza kwanza mstari, ndipo aeleze ulionyooka. Akifika kwenye pembe anatenga ile iliyofanywa na mistari iliyonyooka, kwa kuwa kwake zipo pembe nyingine, kama ile inayobanwa baina ya duara na mstari unaoligusa, ambayo ilikuja kuwagombanisha wanahisabati kwa karne nyingi. Kisha, katika ufafanuzi wa 19, anayataja maumbo yaliyozungukwa na mistari iliyonyooka: ya pande tatu, ya pande nne, ya pande nyingi. Neno lake la Kigiriki ni euthygrammos, limefungamanisha unyoofu na mstari katika pumzi moja. Mstatili umo humo kama mmoja wa wanafamilia, wala si baba wa nyumba.

Waarabu walipomfasiri Euclid katika karne ya 9, al-Hajjaj ibn Yusuf ibn Matar kwanza, kisha Ishaq ibn Hunayn ambaye kazi yake ilisahihishwa na Thabit ibn Qurra, kwa ulionyooka walitumia neno mustaqim. Ni hapo rafiki yangu mmoja, mtu wa elimu na kilemba, anapotaka tuseme "jometri ya kimustakimu". Namheshimu, na sikio langu linaipenda sauti yake. Lakini neno hilo kwetu limeshakwenda haji. Mswahili Mwislamu husimama mbele ya Mola wake mara tano kwa siku akiomba aongozwe katika siratal mustaqim, na ukimwambia jiwe limeshuka kimustakimu atangoja kusikia limeshukia wapi katika dini. Tena wafasiri wa Kurani kwa Kiswahili, akiwemo Sheikh Abdullah Saleh al-Farsy ambaye tafsiri yake kamili ilitoka mwaka 1969, walipolifikia neno hilo hawakuliacha kwa Kiarabu. Walikimbilia kitenzi kunyooka. Ikiwa wanazuoni waliokuwa na Kiarabu chote mfukoni waliona kunyooka kunatosha kwa njia ya kwenda peponi, sioni kwa nini kusitoshe kwa upande wa pembetatu.

Nami nimefuata njia hiyohiyo. Kunyooka ni kitenzi chenye ukoo kamili: nyooka, nyoosha, nyooshea, nyoofu, unyoofu. Kivumishi kimezaliwa kihalali, kama ongofu kutokana na ongoka na kunjufu kutokana na kunjuka. Maana zake zimetanda kutoka mwilini hadi moyoni: tunanyoosha mkono, tunanyoosha nguo kwa pasi, tunamwambia msemaji anyooshe maelezo, na mtu mnyoofu ni yule ambaye hukai ukimchunguza. Wapo watakaonikumbusha nyoka, mnyama asiyenyooka hata akifa. Nyoka ana o moja, na ni wa ukoo mwingine. Jina lake liko karibu kote katika lugha za Kibantu bila kudai kitenzi chetu chochote. Mzaha huo nimeusikia katika semina zaidi ya moja, na kila mara aliyeutoa alidhani ni wake.

Kutoka kwenye nyooka ninaunda mnyooko. Sikulitoa hewani. Zunguka ina mzunguko, geuka ina mgeuko, nyumbuka ina mnyumbuko, inuka ina mwinuko, teremka ina mteremko, poromoka ina mporomoko. Kiswahili kimeifungua njia hii zamani, tena karibu maneno yote hayo ni ya umbo na mwendo, ndiko hasa tunakokwenda. Wanafizikia wanapotenganisha kitu kinachozunguka na kinachokwenda mbele bila kupinda, wanataka maneno mawili yanayokaa meza moja. Mwendo wa mzunguko, mwendo wa mnyooko. Asikiaye la kwanza hahitaji kuelezwa la pili.

Mshindani wangu mkubwa, mwalimu wa chuo ambaye sitamtaja ingawa yeye hunitaja kila ashikapo kipaza sauti, ameleta "mstarinyoofu". Nakiri maana yake ni sahihi. Shida ni sarufi. Mstari huita mnyoofu, na mistari huita minyoofu. Kivumishi kimenyang'anywa kiambishi chake mlangoni na kuambiwa kiingie hivyohivyo. Atajitetea kwa pembetatu na pembenne. Hazimfai: pembe ni ya ngeli ambayo tatu na nne hazivai kitu mbele, kwa hiyo hakuna kilichovuliwa. Na wingi wa mstarinyoofu ni nini? Mistarinyoofu? Mistariminyoofu? Nilimuuliza hadharani, akajibu kwamba wingi "utatokana na matumizi", jibu la mtu aliyejenga nyumba akawaachia wapangaji watafute mlango. Juu ya hayo, neno lenyewe linataja mstari, na jiwe linaloanguka halina mstari, lina njia. Mnyooko hautaji kitu, unataja hali, ndiyo maana unakaa kwenye umbo, kwenye mwendo na kwenye nuru bila kubadili nguo.

Ipo hoja moja ya upande wa pili ambayo sitaipita kama sijaiona. Wataalamu wa kompyuta na wapangaji wa mitambo wamelichukua neno la Kiingereza rectilinear wakalibana zaidi: kwao umbo la namna hii ni lile ambalo pande zake zote zinakutana kwa pembe mraba, na umbali wa namna hii ni ule unaopimwa kwa kujumlisha pande mbili. Anayetaka kulielewa hilo aende Kariakoo, Dar es Salaam. Mitaa ya pale imepangwa ikikatana, na msukuma mkokoteni aliyepo makutano ya mitaa ya Kongo na Mchikichi hawezi kupita ndani ya maghorofa. Duka likiwa mita 300 upande mmoja na mita 400 upande mwingine, kunguru atalifikia kwa mita 500. Yeye atasukuma mita 700, na malipo atayadai kwa 700. Kamati ingeweza kujitetea kwamba ndiyo maana iliyokusudia, kama ingekuwa imeijua. Hata hapo mstatili haufai: umbo la herufi L lina pande sita, kila kona yake ni mraba, nalo si mstatili ng'o. Kwa maana hiyo finyu nasema mnyooko mraba, kwa kufuata pembe mraba ambayo hakuna anayeigombania. Seremala angependa kusema mnyooko wa skwea, nami simkatazi.

Haya yote niliyaandika katika barua kwa kamati, kurasa nne, mistari imenyooka. Ilirudi na mhuri wa kupokelewa, uliopigwa kombo, na kijitabu kikachapwa mara ya pili kikiwa na mstatili wake uleule.

Matumizi hayana mengi ya kueleza. Umbo la mnyooko ni lenye pande zilizonyooka tu. Pembe ya mnyooko ni ile aliyoitenga Euclid. Nuru husafiri kwa mnyooko, kama alivyoonyesha Ibn al-Haytham kwa majaribio ya taa na matundu. Lenzi ya mnyooko haipindi nguzo za nyumba pembeni mwa picha, na iliyopata sifa kwa jina hilo aliitoa Dallmeyer wa London mwaka 1866. Mtambo wa mnyooko ni ule unaogeuza mzunguko kuwa mwendo wa kwenda na kurudi bila kupinda, ambao James Watt aliukaribia mwaka 1784 na Peaucellier, afisa wa jeshi la Ufaransa, akautimiza mwaka 1864 kwa vyuma saba vilivyoungwa. Kinyume cha mnyooko ni mpindo. Wingi wa mnyooko ni minyooko, nao hautahitajika mara nyingi. Sifa yake huandikwa kwa -a ya uhusiano, -a mnyooko, si -a kimnyooko, na hiyo ki- atakayeiongeza ajue hakuipata kwangu.